Muziki wa karamu ya harusi: Hesabu inayosahauliwa na kamati nyingi

Na Mwandishi Wetu

KAMATI ya harusi inapokaa kikao chake cha kwanza, suala la chakula hujadiliwa hadi punje ya mwisho. Mchele kilo ngapi, nazi ngapi, mbuzi wangapi, samaki watatoka kwa nani na kuni zitaletwa lini. Likifika suala la muziki, mara nyingi hupita kwa sentensi moja tu: tutatafuta DJ. Kisha kikao kinahamia kwenye sare na kadi za mchango.

Matokeo ya uamuzi huo huonekana usiku wa karamu. Wageni wamekaa, pilau imepakuliwa, lakini hakuna anayemsikia aliyeketi ubavuni mwake. Wazee waliosafiri kutoka Mkwaja au Muheza wanakula haraka na kuaga kabla ya maharusi kupewa nasaha. Kamati imelipia turubai, viti, jenereta na chakula, lakini imekosa kile ambacho watu walichangia: ndugu wa pande mbili kukaa pamoja na kufahamiana.

Kwa jicho la uchumi, muziki wa wakati wa chakula ni pembejeo kama zilivyo pembejeo za shambani. Mbolea ikiwekwa kwa kiasi chake na kwa wakati wake huongeza mavuno. Ikizidi huunguza mmea, na mkulima hubaki amelipia hasara yake mwenyewe. Ndivyo ulivyo muziki wa karamu, hasa katika wilaya kama Pangani, ambako kipato cha kaya nyingi hutegemea nazi, uvuvi, mkonge na mashamba madogo, na ambako harusi moja inaweza kumeza akiba ya misimu miwili.

Mji uliozoea karamu

Pangani si mgeni wa karamu kubwa. Katika karne ya 19 mji huu uliokaa kwenye mlango wa mto ulikuwa kituo cha misafara ya pembe za ndovu, na bondeni kulikuwa na mashamba ya miwa. Mwanahistoria Jonathon Glassman, katika kitabu chake cha mwaka 1995 kuhusu karamu na ghasia za pwani kabla ya vita vya mwaka 1888, anaeleza jinsi watu wa mji huu na miji jirani walivyoshindana kwa karamu na ngoma. Aliyelisha watu wengi na kuleta ngoma kubwa alipata heshima na wafuasi. Wageni kutoka bara na watumwa nao waliitumia nafasi hiyo hiyo kudai kuwa ni watu wa mji.

Mashindano hayo hayakuisha na ujio wa ukoloni. Ngoma ya beni, iliyoiga bendi za kijeshi za Wazungu, ilienea pwani yote, na Tanga iligawanyika katika kambi za Marini na Arinoti zilizoshindana kwa sare, ala na ukubwa wa karamu. Mkonge nao, ulioanzishwa na Richard Hindorf mwaka 1893 katika shamba la Kikogwe karibu na mji wa Pangani, ulivuta vibarua wa makabila mengi, na kila kundi lilikuja na ngoma zake. Mshahara wa mashambani ndio uliokuja kuwa soko la bendi za dansi za Tanga.

Ikumbukwe basi kuwa shinikizo la kuleta muziki mkubwa kuliko wa jirani lina mizizi mirefu. Tofauti ni kwamba tajiri wa misafara alikula karamu ili avune wafuasi na biashara. Mvuvi au mkulima wa leo havuni chochote kwa spika zinazosikika hadi ng'ambo ya Bweni. Anabaki na deni.

Mwendo wa muziki na mwendo wa kula

Wataalamu wa masoko wamelichunguza suala hili kwa takwimu. Mwaka 1982 mtafiti wa Marekani, Ronald Milliman, alilinganisha muziki wa polepole na wa haraka katika duka kubwa la vyakula. Siku za muziki wa polepole wateja walitembea taratibu zaidi na mauzo yalikuwa juu kwa asilimia 38 hivi kuliko siku za muziki wa haraka.

Mwaka 1986 alichapisha utafiti mwingine, safari hii wa mgahawani. Wateja waliopigiwa muziki wa polepole walikaa mezani kwa wastani wa dakika 56. Waliopigiwa muziki wa haraka walikaa dakika 45. Matumizi ya chakula hayakutofautiana sana, lakini matumizi ya vinywaji kwa kila meza yalikuwa dola 30.47 dhidi ya dola 21.62, yaani ongezeko la asilimia 41 hivi.

Huo ni mgahawa mmoja wa Marekani wenye baa, na hakuna sababu ya kuamini kuwa tarakimu hizo zitajirudia kwenye karamu ya soda na juisi ya ukwaju mjini Pangani. Kinachofaa kuchukuliwa ni mwelekeo: mwendo wa muziki hubadili mwendo wa watu bila wao kujua.

Hapa kuna jambo la kuangalia. Kwa mwenye mgahawa, mteja anayekawia na kuagiza kinywaji cha pili ni faida. Kwa mwenye harusi, ambaye ndiye analipia vinywaji vyote, hesabu inageuka. Muziki wa polepole utamletea utulivu na mazungumzo, lakini lazima apange vinywaji vya kutosha. Muziki wa haraka utamsaidia kuondoa watu mezani, lakini atawaondoa na ukumbini. Hivyo kamati inapaswa kuamua kwanza inataka nini katika kila saa ya usiku, ndipo ichague nyimbo.

Pima dakika kabla ya kuchagua nyimbo

Chukulia karamu ya wageni 240 wanaojipakulia kwenye bafe. Kama kila mgeni anatumia sekunde 20, foleni moja inahudumia watu watatu kwa dakika na itachukua dakika 80 kuisha. Meza mbili zinazopakuliwa pande zote mbili ni foleni nne, na watu wote watakuwa wamepata chakula ndani ya dakika 20.

Utaratibu wa sinia ni tofauti kabisa. Wageni 240 wakila wanne wanne ni sinia 60, na vijana kumi wa kuhudumia watabeba sinia sita kila mmoja. Watu wote wanaanza kula karibu kwa wakati mmoja na kumaliza karibu pamoja.

Maana yake ni kwamba karamu ya foleni moja inahitaji muziki wa utulivu wa takriban saa mbili, kwa sababu wa mwisho anapoanza kula wa kwanza ameshanawa. Karamu ya sinia inahitaji dakika 40 au 50 tu. Kwa nyimbo za wastani wa dakika nane, ya kwanza inahitaji nyimbo 15 na ya pili inatosha kwa nyimbo sita. Kamati ikijua hilo mapema haitalipia kundi saa nne za kazi ambayo ni ya saa moja.

Aina zilizopo na mahali pake

Kwa familia nyingi za Pangani, ambazo ni za Kiislamu, walima huanza na kaswida na dufu. Wanazuoni wengi wanaliruhusu dufu harusini kwa sababu ndoa inatakiwa kutangazwa, ingawa wanatofautiana kuhusu ala nyingine. Dufu halihitaji umeme, haligombani na masikio ya wazee na gharama yake ni ndogo. Pale ambapo upande mmoja wa familia una msimamo mkali kuhusu ala, huu ndio uchaguzi usio na ugomvi kwa wakati wa chakula. Ala nyingine zinaweza kusubiri sherehe ya akina mama, ambako ngoma zao zina nafasi yake.

Taarabu asilia ndiyo inayofaa zaidi kwa chakula cha utulivu. Udi, ganuni, fidla na dumbaki hupigwa kwa mwendo wa wastani, na sehemu ndefu za ala bila mwimbaji huacha nafasi ya mazungumzo. Si lazima okestra nzima kama zile za Nadi Ikhwan Safaa, iliyoanzishwa Zanzibar mwaka 1905. Watu wanne wenye udi, fidla, dumbaki na rika wanatosha kwa wageni mia moja.

Tanga ina taarabu yake. Vikundi vya Black Star na Lucky Star viliachana na wingi wa ala za okestra za Kimisri, vikaingiza gitaa la umeme na besi, na mtindo wao ukasambaa hadi nje ya nchi. Sauti iliyotamba zaidi humo ilikuwa ya Shakila binti Said, mzaliwa wa Pangani aliyefariki dunia mwaka 2016. Kwa karamu ya mji huu, kuziacha rekodi hizo na kukimbilia muziki wa mbali ni kama kununua samaki wa kopo ilhali mashua zimetia nanga.

Hata hivyo, maneno yachunguzwe. Taarabu ni sanaa ya mafumbo, na nyimbo nyingi nzuri ni za maombolezo ya mapenzi yaliyovunjika. Wimbo unaoitwa Kifo cha Mahaba, uliompatia Shakila sifa, ni kazi kubwa ya sanaa lakini si wa kuwapigia maharusi wanaoanza maisha.

Tahadhari iwe kubwa zaidi kwa taarabu ya kisasa, maarufu kama rusha roho, iliyopata nguvu katika miaka ya 1990 kupitia makundi kama East African Melody, Muungano na TOT. Mipasho yake ni ya kuchezea na kutunzana. Ikipigwa wakati wa kula, wifi mmoja anaweza kuamini kuwa wimbo umechaguliwa kwa ajili yake, na ugomvi wa namna hiyo hauishi na harusi.

Muziki wa dansi wa zamani nao una wapenzi wengi. Tanga ilitoa Atomic Jazz na Jamhuri Jazz, na ndugu wa Kinyonga walioanzia Jamhuri ndio waliounda Simba Wanyika nchini Kenya mwaka 1971. Nyimbo hizo zinafaa sana, ila nyingi zina sehemu mbili: mwanzo wa taratibu wenye mashairi, kisha chemko. DJ mzoefu huingiza wimbo mwingine kabla ya chemko kuanza. Asiyejua huacha wimbo uendelee, vijana wananyanyuka, sahani zinapinduka.

Gharama ya kichwa kimoja

Chakula ni gharama inayopanda kadiri wageni wanavyoongezeka. Muziki ni gharama isiyobadilika: kundi linalipwa kiasi kile kile wakija wageni 100 au 300. Kwa mfano, kama muziki ni sh. 600,000 na sahani moja ni sh. 8,000, kwa wageni 300 muziki unagharimu sh. 2,000 kwa kila mgeni, sawa na robo ya sahani. Kwa wageni 100 unagharimu sh. 6,000, yaani robo tatu ya sahani. Familia yenye karamu ndogo inayoiga muziki wa karamu kubwa inamlisha kila mgeni karibu sahani ya pili ya kelele.

Gharama zilizojificha ni nyingi pia. Kundi kutoka Tanga mjini au Dar es Salaam linahitaji usafiri wa ala, chakula, malazi na mafuta ya jenereta. Vitu hivi visipoandikwa katika makubaliano, hudaiwa usiku wa manane wakati mweka hazina hana la kufanya.

Suala jingine ni tuzo. Desturi ya kumtunza mwimbaji ni sehemu ya taarabu, lakini ni fedha halisi inayotoka mifukoni mwa wageni wale wale waliokusudia kuwazawadia maharusi. Baadhi ya makundi hukubali malipo madogo kwa sababu yanategemea tuzo. Hilo si baya, mradi lijulikane mapema. Kamati iafikiane na kundi kuhusu mambo mawili: tuzo ni za nani, na zitaanza saa ngapi. Tuzo zikianza wakati wa chakula, njia kati ya meza hujaa watu na wahudumu hawapiti.

Aidha, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inampa mtunzi haki ya kulipwa kazi yake inapotumika hadharani. Ni vyema kumuuliza mwenye ukumbi na DJ kama wana leseni husika. Mzee aliyepiga gitaa mwaka 1970 naye alikuwa mfanyakazi kama mkata mkonge.

Spika moja kubwa au nne ndogo

Mwaka 1911 daktari wa Ufaransa, Étienne Lombard, alieleza kuwa mtu akizungukwa na kelele hupandisha sauti bila kukusudia. Hapo ndipo karamu nyingi huharibika. Muziki unapanda, watu wanapaza sauti, DJ anaona hasikiki, naye anapandisha tena. Baada ya nusu saa ukumbi mzima unapiga kelele na hakuna aliyeamua hivyo.

Mazungumzo ya kawaida ni kama desibeli 60. Mahali pa wazi, sauti hupungua kwa takriban desibeli sita kila umbali kutoka kwenye spika unapozidishwa mara mbili. Meza iliyo mita 2 kutoka kwenye spika na iliyo mita 16 zinatofautiana kwa desibeli 18. Ukitaka wa nyuma wasikie vizuri, wa mbele unawaumiza. Na wa mbele, kwa desturi, ndio wazee na maharusi wenyewe.

Dawa yake ni rahisi na haina gharama kubwa: spika nne ndogo pembezoni badala ya moja kubwa mbele, zote kwa sauti ya chini. Kipimo hakihitaji chombo. Watu wawili waketi pande mbili za meza na kuzungumza. Wakilazimika kuinama ili wasikilizane, muziki upunguzwe. Mjumbe mmoja wa kamati apewe kazi hiyo na mamlaka ya kumwamuru DJ.

Ratiba nayo izingatie adhana. Karamu inayoanza baada ya Isha haina haja ya kukatwa katikati, na majirani wanaoswali hawatakuwa na kinyongo.

Msimu unaohama

Harusi nyingi za pwani hufungwa Shaabani, kabla ya Ramadhani, au kuanzia Mfunguo Mosi, baada ya Idi. Mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kwa siku 11 hivi kuliko mwaka wa jua, hivyo msimu wa harusi unahama ndani ya msimu wa kilimo. Mwaka 2008 Ramadhani ilianza mwanzoni mwa Septemba. Mwaka 2016 ilianza mwanzoni mwa Juni. Mwaka 2025 ilianza mwanzoni mwa Machi, na harusi za Mfunguo Mosi zikaangukia Aprili, katikati ya masika.

Hilo lina athari mbili kwa bajeti. Kwanza, masika si wakati wa fedha: shamba linadai palizi, na mavuno bado. Pili, mvua na vyombo vya umeme havipatani. Turubai likivuja juu ya miksa, karamu inabaki bila muziki na mwenye chombo anadai fidia. Katika miaka ya namna hiyo kikundi kisichotegemea umeme ni bima ya bei nafuu.

Fursa kwa vijana wa Pangani

Upande wa pili wa hesabu hii ni kipato. Fedha ya chakula cha harusi kwa kiasi kikubwa hubaki wilayani: mwenye minazi, mvuvi, mfugaji na mpishi wote wanapata. Fedha ya muziki wa kukodi kutoka mbali inaondoka alfajiri na gari lililoleta spika.

Kikundi cha watu wanne au watano chenye udi, fidla na dumbaki, chenye orodha ya nyimbo 20 za utulivu na bei inayoeleweka kwa saa, kinaweza kuhudumia walima za mjini, na pia hoteli za ufukweni kama za Ushongo, ambazo wageni wake wanatafuta jambo la hapa wakati wa chakula cha jioni. Kinachohitajika ni mazoezi, usafi wa mavazi, kufika kwa wakati na stakabadhi. Mtaji wake mkubwa ni wazee wanaozijua nyimbo, na mtaji huo hupungua kila mwaka bila kurithishwa.

Kwa kamati inayojiandaa, mambo ya kuandika katika makubaliano ni machache: saa ya kuanza na kumaliza, nyimbo zisizotakiwa, nani anagharamia usafiri na mafuta, tuzo ni za nani, na nani ana amri ya kupunguza sauti. Nusu ya malipo itolewe mwanzo na nusu baada ya kazi.

Kupanga ni kuchagua. Fedha iliyookolewa kwenye spika inatosha mbuzi mmoja zaidi, au mifuko kadhaa ya saruji ya kuanzia nyumba ya maharusi. Wageni hawatakumbuka ukubwa wa spika. Watakumbuka kwamba walikula, wakazungumza, na wakajua jina la shemeji yao mpya.